Hadithi moja, sauti nyingi au mada? Kuchagua namna ya kusoma Biblia katika ushirika

Ushirika wa nyumbani au jumuiya inayotaka kusoma Biblia mwaka mzima ina njia tatu za kuchagua, na hapa Malindi zote tatu zinatumika, wakati mwingine katika mtaa mmoja. Ya kwanza inaisoma Biblia kama hadithi moja, Mwanzo hadi Ufunuo, ikiifuata ahadi ya Mungu. Ya pili inamsikiliza kila mwandishi kwa zamu yake: Marko aseme ya Marko, Yakobo aseme ya Yakobo, hata wakitofautiana. Ya tatu inapanga mada, wokovu, ndoa, uponyaji, serikali, kisha inakusanya mistari kutoka kila kitabu.

Niseme mapema ninakoelemea. Kwa kundi la watu wazima waliokwisha kukaa kanisani, nachagua njia ya pili, itanguliwe na sehemu fupi ya ile ya kwanza. Ya tatu naipa nafasi ndogo, tena kwa masharti. Waandishi wa Biblia wanamshuhudia Mungu mmoja, lakini wanajibizana, mara nyingine kwa ukali, na waliokusanya vitabu hivi hawakumtoa mmoja ili kumpendeza mwingine. Kundi likisoma kwa namna inayoyaficha majibizano hayo, umoja linaoupata ni wa juu juu, na siku swali gumu likija unavunjika.

Swali la jirani

Mkristo wa Malindi anaisoma Biblia yake katikati ya majirani Waislamu, na swali la umoja wa Maandiko humfikia kibarazani kabla halijamfikia darasani. Ustadhi mmoja alimuuliza mwalimu wa ushirika wetu, kwa upole tu, wakisubiri maji ya bomba yarudi: "Mwalimu, Isa alipewa Injili moja. Nyinyi mbona mnazo nne, na haziendi sawa?"

Njia hizi tatu zinalijibu swali hilo kwa namna tofauti kabisa, na hapo ndipo pa kuanza kuzipima.

Anayesoma kwa mada hana jibu la haraka, kwa sababu hajawahi kuzisoma Injili nne kama Injili nne. Kwake ni ghala moja la mistari. Anayesoma kama hadithi moja atasema nne hizo zinasimulia tukio lile lile, na atajaribu kuziunganisha. Jaribio hilo ni la zamani mno. Kama mwaka 170, Tatiano, Mkristo aliyetoka upande wa Syria, alizichukua Injili nne akazisuka kuwa simulizi moja, Diatesaroni. Makanisa ya Syria yaliisoma ibadani kwa vizazi. Karne ya 5, Theodoreto, askofu wa Kiro, alikusanya nakala zaidi ya 200 katika jimbo lake na kuweka Injili nne mahali pake. Yaani kanisa lilikuwa na Injili moja iliyonyooka mkononi, likaiacha.

Miaka michache baada ya Tatiano, kama mwaka 180, Ireneo, askofu wa Lyon, alikuwa ameshatetea kwamba Injili ni nne na ziwe nne. Hoja zake nyingine leo zinachekesha kidogo (pepo nne, pembe nne za dunia), lakini uamuzi wenyewe ulikuwa mzito. Alikuwa anapambana na wafuasi wa Markioni, aliyetengwa na kanisa la Roma mwaka 144. Markioni alikata shauri kwa njia nyingine: achukue Injili moja, ya Luka, tena iliyopunguzwa, na nyaraka 10 za Paulo, Agano la Kale lote alitupe. Kwa hiyo kanisa la mwanzo lilikuwa na njia mbili za kupata Biblia isiyo na mivutano, kuzisuka sauti zote kuwa moja au kuchagua moja na kuzifukuza nyingine, na zote mbili lilizikataa.

Jibu la mwalimu wetu kwa ustadhi lilikuwa fupi. "Ustadhi, sisi tunaamini Injili ni habari ya mtu, na mashahidi walioileta ni wanne. Njoo Alhamisi usikie wanavyotofautiana." Hakuja, lakini mazungumzo yaliendelea, na ni mazungumzo bora kuliko yale ya mihadhara ya kushindana.

Mahali njia ya pili inapong'aa

Chukueni kifo cha Yesu. Someni Marko 15:33–39, halafu Luka 23:33–47, halafu Yohana 19:16–30, katika kikao kimoja, kwa sauti, bila maelezo katikati.

Katika Marko, Yesu analia, "Mungu wangu, Mungu wangu, mbona umeniacha?" kisha anatoa sauti kuu na kukata roho. Hakuna neno jingine la faraja. Katika Luka anawaombea waliomsulubisha, anamwahidi mhalifu kwamba leo hivi atakuwa naye peponi, na neno lake la mwisho ni "Ee Baba, mikononi mwako naiweka roho yangu." Katika Yohana anamkabidhi mama yake kwa mwanafunzi, anasema "Imekwisha," anainamisha kichwa na kuitoa roho, kama mfalme aliyemaliza kazi yake.

Wengi tumezoea mahubiri ya Ijumaa Kuu ya maneno saba msalabani, yaliyokusanywa kutoka Injili zote nne na kupangwa mstari mmoja. Ni ibada nzuri. Lakini ukiyapanga saba, kilio cha Marko kinapozwa na neno linalofuata. Kundi letu la Muyeye lilipozisoma tatu mbalimbali, mama mmoja aliyemzika mumewe baada ya ugonjwa mrefu alinyamaza muda, kisha akasema, "Huyu wa Marko ndiye aliyekaa na mimi wodini. Wa Yohana sikumwona siku zile." Kijana aliyekaa karibu naye alisema yeye anamhitaji wa Luka, kwa sababu ana mtu wa kumsamehe. Hakuna aliyeona kwamba Biblia imejipinga. Waliona kwamba mashahidi watatu walisimama mahali tofauti na msalaba ni mmoja.

Mfano wa pili ni kusafishwa kwa hekalu. Marko, Mathayo na Luka wanaliweka tukio hilo mwishoni, siku chache kabla ya Yesu kukamatwa. Yohana analiweka sura ya 2, karibu na mwanzo. Msomaji wa hadithi moja husema Yesu alilisafisha mara mbili na swali limefungwa. Inawezekana. Ila jibu hilo linamnyima nafasi ya kuuliza kwa nini Yohana aliliweka pale, na Yohana mwenyewe anaeleza katika sura hiyo hiyo: hekalu alilolisema Yesu lilikuwa mwili wake. Anataka tusome kitabu chote tukijua hilo tangu mwanzo. Katika Marko, tendo lile ndilo linalowafanya wakuu wa makuhani watafute namna ya kumwangamiza.

Paulo na Yakobo, mtihani wa kweli

Njia yoyote unayotaka kuichagua, ipimeni hapa kwanza. Warumi 3:28: "Basi, twaona ya kuwa mwanadamu huhesabiwa haki kwa imani pasipo matendo ya sheria." Yakobo 2:24: "Mwaona kwamba mwanadamu huhesabiwa haki kwa matendo yake, si kwa imani peke yake." Na wote wawili wanamwita shahidi yule yule, Ibrahimu, kwa mstari ule ule, Mwanzo 15:6.

Ukisoma kwa mada, utachagua upande kabla hujafungua kitabu. Kanisa lililozaliwa na Matengenezo ya Waprotestanti litaanza na Warumi na kumpachika Yakobo chini kama nyongeza. Martin Luther mwenyewe, katika dibaji ya Agano Jipya la Kijerumani la 1522, aliuita Yakobo waraka wa mabua ukilinganishwa na vitabu alivyoviona vikuu, akausogeza mwishoni pamoja na Waebrania, Yuda na Ufunuo. Aliuchapisha hata hivyo. Upande wa pili, mtaguso wa Trento, mkutano mkuu wa maaskofu Wakatoliki, mwaka 1547 uliitumia Yakobo 2:24 katika tamko lake kuhusu kuhesabiwa haki. Mistari ile ile ikawa silaha kwa karne nne na zaidi.

Njia ya pili inafanya kazi ya polepole zaidi. Inauliza Paulo anazungumza na nani. Anazungumza na makanisa yaliyogawanyika kuhusu kama mtu wa Mataifa ni lazima atahiriwe na kuishika sheria ya Musa, na ndiyo maana anasisitiza katika Warumi 4 kwamba Ibrahimu alihesabiwa haki kabla ya kutahiriwa. Yakobo je? Anazungumza na watu wanaomwona ndugu yao hana nguo wala riziki ya siku, wakamwambia "Enendeni zenu kwa amani, mkaote moto na kushiba," bila kumpa kitu. Yeye anaiunganisha Mwanzo 15 na Mwanzo 22, pale Ibrahimu alipomtoa Isaka. Paulo anaanza hesabu mapema katika maisha ya Ibrahimu, Yakobo anaingia baadaye.

Je, wanapatana? Mimi nadhani wangekaa meza moja, lakini si bila maneno. Na kundi lisilazimishe wapatane kabla ya chai. Paulo alikwisha kumkabili Petro uso kwa uso kule Antiokia kwa kuacha kula pamoja na watu wa Mataifa, naye anasimulia katika Wagalatia 2 kwamba waliomtia Petro hofu walikuwa watu waliotoka kwa Yakobo. Paulo huyo huyo, anapotaja kufa, kuzikwa na kufufuka kwa Kristo katika 1 Wakorintho 15, anawataja Kefa na Yakobo kuwa mashahidi, kisha anasema: "Basi, kama ni mimi, au kama ni wale, ndivyo tuhubirivyo, na ndivyo mlivyoamini." Waligombana juu ya meza ya chakula, hawakugombana juu ya nani aliyefufuka.

Wataalamu wamelivuta jambo hili pande zote. Ernst Käsemann, Mjerumani, alisema mwaka 1951 kwamba kanuni ya Agano Jipya, yaani orodha ya vitabu vyake, kama ilivyo haijengi umoja wa kanisa, inajenga wingi wa madhehebu. James Dunn, Mwingereza aliyeandika mwaka 1977, alikubali kwamba tofauti ni kubwa, lakini akaona kitu kimoja kinachozishika zote: Yesu wa Nazareti aliyesulubiwa na Bwana anayeabudiwa ni yule yule. Mimi namfuata Dunn. Käsemann ni dawa nzuri kwa mchungaji anayedai kwamba dhehebu lake peke yake ndilo linalofuata Biblia, ingawa dozi yake ni kali.

Na tunda la kuwasikiliza wote wawili tunalo. Tarehe 31 Oktoba 1999, huko Augsburg, Kanisa Katoliki na Shirikisho la Walutheri Duniani walitia saini tamko la pamoja kuhusu kuhesabiwa haki. Walikubaliana juu ya msingi, wakaacha kila upande useme kwa lugha yake pale tofauti zilipobaki. Wamethodisti walijiunga mwaka 2006. Kwa nyumba za Malindi ambamo baba ni Mkatoliki, mama ni Mwanglikana na mtoto wa kwanza amehamia kanisa la Kipentekoste, hiyo si habari ya mbali.

Hadithi moja: nzuri kwa kuanzia

Njia ya kwanza ina nguvu ambayo ya pili haina. Mtu aliyebatizwa juzi, au aliyerudi kanisani baada ya miaka, akiambiwa asome Yakobo kisha Wagalatia atapotea. Anahitaji kwanza kujua Ibrahimu ni nani, Kutoka ilikuwa nini, kwa nini kuna Daudi na kwa nini watu walipelekwa Babeli. Bila hayo Agano Jipya linamfikia kama mzaha ambao hakuusikia ukianza. Luka 24 inamwonyesha Yesu mwenyewe njiani Emau akiwaeleza wanafunzi wawili, kuanzia Musa na manabii wote. Waebrania nao wanafungua kwa kusema Mungu alisema na baba zetu "kwa sehemu nyingi na kwa njia nyingi," kisha katika Mwana.

Tatizo ni kuamua hadithi hiyo inafuata nini. Walther Eichrodt, Mjerumani aliyefundisha Basel, Uswisi, katika miaka ya 1930 alichagua agano kuwa kitovu cha Agano la Kale lote. Ukianza na agano, Kutoka, Kumbukumbu la Torati na Yeremia vinapangika vizuri. Halafu unafika Mithali, Mhubiri na Wimbo Ulio Bora, na agano halionekani. Gerhard von Rad, miaka ya 1950, alichagua matendo ya Mungu katika historia, na vitabu vya hekima vikamsumbua vile vile. Esta ya Kiebrania haitaji jina la Mungu hata mara moja. Kila anayesimulia hadithi moja huacha vitabu pembeni, na vinavyoachwa ni vile vile kila mara.

Hasara hiyo si ya vitabuni tu. Hapa nyumbani, mtoto akizaliwa na ulemavu au boti ikipotea baharini wakati wa kusi, kuna watu wanaokuja na fundisho moja lililonyooka: mwema hubarikiwa, mwovu hupatilizwa, basi tafuteni dhambi iko wapi. Mithali ina mistari mingi inayosema hivyo, na kwa kawaida ya maisha inasema kweli. Lakini Ayubu kiliandikwa. Marafiki wa Ayubu wanahubiri fundisho lile lile kwa sura nyingi, na mwishoni, 42:7, Mungu anamwambia Elifazi kwamba yeye na wenzake hawakunena yaliyo sawa kumhusu kama Ayubu alivyonena. Mhubiri naye anaongeza kwamba si wenye mbio washindao katika michezo. Biblia iliyo na Mithali peke yake ingewaponda wagonjwa. Iliyo na Ayubu peke yake isingeweza kumlea kijana. Hadithi moja, ikisimuliwa kwa haraka, haiwapi nafasi hata mmoja wao.

Kuna pia vitabu vinavyosimulia historia moja mara mbili. Mfalme Manase katika 2 Wafalme 21 ni mwovu hadi mwisho, na dhambi zake ndizo zinazotajwa kuwa sababu ya Yuda kuangamia. Katika 2 Nyakati 33 anachukuliwa kwa minyororo hadi Babeli, anajinyenyekeza, anasikiwa na kurudishwa Yerusalemu. Anayesimulia hadithi moja lazima achague Manase yupi wa kusimulia. Wengi humchagua wa Wafalme na kumsahau wa pili, na wafungwa wanaotembelewa na ushirika wetu wangempenda zaidi huyo wa pili.

Mada: lini, na kwa masharti gani

Sitaki kuidharau. Watu huja na maswali, na swali la mtu haliwezi kusubiri hadi mzunguko wa vitabu ufike kwake. Mahari, mirathi, ndoa na mtu wa dini nyingine, ardhi ya ukoo: hayo ni maisha. Na kuna kazi halali ya kuuliza Biblia nzima inasema nini juu ya jambo. Johann Philipp Gabler, katika hotuba yake ya 1787 huko Altdorf, alitenganisha kazi hizo mbili: kwanza kueleza waandishi wa Biblia waliamini nini katika wakati wao, kisha kujenga mafundisho ya kanisa kwa wakati wetu. Kosa la mada ni kuruka hatua ya kwanza.

Angalia mada ya "Mkristo na serikali". Mwalimu wa mada atafungua Warumi 13: "Kila mtu na aitii mamlaka iliyo kuu." Kikao kitaisha kwa kuambiwa tulipe kodi na tusiseme vibaya juu ya wakubwa. Ufunuo 13 haitafunguliwa, ingawa nambari ya sura ni ile ile. Humo mamlaka ni mnyama anayetoka baharini, anapigana na watakatifu, na hakuna awezaye kununua wala kuuza bila chapa yake. Dola ni ile ile, Roma. Paulo aliiona ikimpa njia salama na mahakama. Yohana wa Patmo, mwandishi wa Ufunuo, aliiona ikidai kuabudiwa. Familia ya Malindi iliyokaa kwenye shamba vizazi vitatu bila hati inahitaji kuzisikia sura zote mbili. Ikisomewa moja tu, imefundishwa utii au uasi, hakuna la tatu.

Na kuna Shakahola. Mwaka 2023, katika msitu ulio humu humu Kilifi, bara ya Malindi, zaidi ya miili 400 ilifukuliwa. Kwa mujibu wa waendesha mashtaka, waumini walihimizwa kufunga hadi kufa ili wakakutane na Yesu. Sisemi kwamba kila anayesoma kwa mada yuko njiani kwenda huko, hasha. Nasema mstari unaokatwa kutoka kitabu chake hauna mtu wa kuubishia. Mafundisho juu ya kufunga, yakisomwa pamoja na Isaya 58, yanakutana na nabii anayeuliza kama saumu aliyoichagua Mungu si kuwafungua walioonewa na kumgawia mwenye njaa chakula chako. Yakisomwa pamoja na Mathayo 11, yanakutana na Mwana wa Adamu aliyekuja akila na kunywa hadi akaitwa mlafi. Sauti nyingi ndani ya Biblia ni ulinzi, na mimi tangu mwaka ule siwezi kuzijadili kama jambo la wasomi peke yao.

Sharti langu kwa mada ni moja: kila mstari usomwe pamoja na sura yake, na kila mada itafutiwe angalau mwandishi mmoja anayelisema jambo kwa namna nyingine. Mkikosa wa namna hiyo, sawa. Mkiogopa kumtafuta, acheni mada hiyo.

Kuchagua kwa hali zenu

Kazi za hapa zinaamua mengi. Kundi lenye wahudumu wa hoteli za Malindi na Watamu hupungua msimu wa wageni ukipanda, Desemba na Januari, na tena Julai na Agosti. Hadithi moja inaumia sana hapo: aliyekosa Kutoka haelewi Yeremia. Sauti kwa sauti inastahimili. Yakobo ina sura 5, Wagalatia 6, Ruthu 4, Yona 4. Mtu akikosa mwezi anarudi kwenye kitabu kipya. Marko yote inasomeka kwa sauti kama saa moja na nusu, na kuisoma kwa mkao mmoja jioni ni jambo ambalo kila kundi lingefanya angalau mara moja.

Kiongozi pia apimwe. Njia ya pili inamtaka ajiandae, na awe mtulivu mtu akisema, "Kumbe havilingani!" Kiongozi anayeona aibu swali kama hilo ataharibu, na kwake afadhali hadithi moja yenye mwongozo wa parokia au dayosisi. Kwa wanafunzi wa katekisimu na wa kipaimara naichagua hadithi moja bila kusita.

Kwa kundi letu mpango ulikuwa hivi. Tulianza na vikao vichache vya hadithi: Mwanzo 12, Kutoka 19 na 20, 2 Samweli 7, Yeremia 31, Luka 24, Matendo 2, Ufunuo 21. Kisha tukaingia kwenye jozi: Mithali na Ayubu, Ezra 10 na Ruthu, Marko na Yohana, Wagalatia na Yakobo. Jozi ya Ezra na Ruthu ndiyo iliyoleta kelele nyingi. Ezra anawafanya watu wawaache wake zao wa kigeni, naye Ruthu Mmoabi anakuwa bibi mzaa babu wa Daudi, na katika ukumbi ule walikuwamo watu wanne walioolewa nje ya kabila lao. Kikao kilipita saa ya kufunga.

Jambo la mwisho ni la vifaa, na lisipoamuliwa mapema huleta manung'uniko. Wakatoliki wana vitabu 73, Waprotestanti 66, na Waorthodoksi wa Ethiopia 81. Fransisko Ksaveri alipotia nanga Malindi mwaka 1542 akielekea Goa, orodha ya Wakatoliki ilikuwa haijapigwa muhuri rasmi na Trento. Hilo lilifanyika 1546. Tafsiri ya Muungano ya 1952, ambayo wengi wetu tuliisoma utotoni, haina Hekima ya Yoshua bin Sira wala Wamakabayo. Biblia Habari Njema inapatikana kwa toleo lenye vitabu hivyo, na kundi lililochanganyika lipate nakala mbili au tatu za toleo hilo zikae mezani. Mkifika kwenye kuwaombea marehemu, Mkatoliki atafungua 2 Wamakabayo 12 na jirani yake atasema kitabu hicho hakimo kwake. Wote wawili watakuwa wamesema kweli, na mjadala wa jioni hiyo uanzie hapo.